Chumba Kimoja Kizima

Mastora alikuwa amebakiwa na kuku mmoja tu, na Jumatatu ile kuku huyo alichinjwa. Hakuna aliyebishana juu yake. Gari la serikali lilikuwa limeegeshwa chini kwenye mto mkavu, na karani wa kuandikisha nyumba zilizobomolewa na vita alikuwa akipanda mteremko, mkoba kwapani, pumzi juu juu. Lajmir, mume wa Mastora, alimpokea katikati ya njia, akamkumbatia, akamuuliza habari za afya, za watoto na za mvua za kwao, kisha akamwingiza hujrani, chumbani mwa wageni. Mgeni akifika kwetu Waziristani haulizwi anataka nini mpaka ale, hata kama kijiji kizima kinajua anachokitaka.

Karani huyo aliitwa Mutabar. Alikuwa mtu wa Karak, Mpashtuni kama sisi, ila wa nchi ya chini ambako kuna lami na taa. Tangu asubuhi alikuwa ameshakagua vifusi kumi na kimoja, na kote alikunywa chai akiwa amesimama. Hapa alikuta vitanda vya kamba vimetandikwa magodoro, mito minene ya kuegemea, dari mpya ya magogo, kuta zilizokandikwa mwaka huuhuu, na mwenye nyumba mwenyewe ameshika birika la kumnawisha. Akavua viatu. Akala kuku kwa mkate wa tanuri na mtindi, akanywa chai ya kijani vikombe vitatu, kisha usingizi ukamwiba. Alilala saa nzima, na Lajmir akaketi karibu naye akimfukuzia nzi.

Hatua kumi na tano kutoka hapo, nyuma ya ukuta, mkewe Mastora na mkwewe Sanobara walikuwa ndani ya hema la msaada pamoja na wajukuu wawili. Vyumba vitatu vya familia vilikuwa rundo la udongo na mawe. Walirudi kutoka kambini mwezi wa nne, na mwezi huohuo Lajmir alianza kujenga upya, na alichoanza nacho kilikuwa hujra, chumba cha wanaume na wageni. Mastora alipouliza kwa nini, aliambiwa watu watakuja kutoa rambirambi za wote waliofia ukimbizini, je, wakae juu ya mawe? Kweli walikuja, wakakaa. Sasa ulikuwa mwezi wa kumi, na asubuhi maji ya ndoo yalikuwa na utando wa barafu.

Mutabar alipoamka alitoa fomu na penseli, akaitazama ile fomu muda mrefu bila kuandika.

"Mzee wangu, nyumba yako ina vyumba vingapi?"

"Vitatu. Umeviona vilivyo."

"Na hiki tulimo?"

"Hiki ni hujra, mwanangu."

"Najua ni hujra. Na sisi kwetu tunazo." Mutabar alikuna kidevu. "Fomu ndiyo haijui. Fomu inajua vyumba tu. Vinne, vitatu vimeanguka, kimoja kizima. Kikiwepo kimoja kizima ndani ya ua, nyumba inaandikwa imebomoka sehemu."

"Maana yake?"

"Imebomoka yote ni rupia laki nne. Imebomoka sehemu ni laki na sitini elfu."

Lajmir alicheka kidogo, akidhani anataniwa. "Sasa mwanangu, humu hatulali sisi. Humu umelala wewe."

"Ndiyo, nimelala. Sasa nitaandikaje kwamba hakuna dari?" Karani aliinamisha macho, na aibu ilikuwa ya kweli. "Ungenipokea kwenye kifusi, mzee, ningeandika kifusi."

"Ningekupokea kwenye kifusi, ungekuwa umefika kwa mtu mwingine."

Mutabar alirudisha karatasi mkobani. Alisema Alhamisi atarudi na kamera, kwa sababu kila mwenye nyumba hupigwa picha mbele ya nyumba yake, na fomu haiendi mjini bila picha. Leo ameandika kwa penseli tu. Wino ataushika Alhamisi, na ataandika atakachokiona. Maneno hayo ya mwisho aliyasema akiwa ameinama anavaa viatu.

*

Mastora hakuhitaji kusimuliwa. Ukuta una nyufa, na masikio yake ni mazima.

"Baba Raziq," alisema mumewe alipoingia hemani, "yule kuku tumemnunua kwa bei gani? Laki mbili na arobaini elfu. Hata huko Sharja kwa mwanao hawajala kuku wa bei hiyo."

"Usinitanie, Mama Raziq. Leo si siku yake."

"Sikutanii. Nahesabu." Alikuwa akimpaka mafuta ya haradali mjukuu wa kiume, ambaye kifua chake kilikuwa kikikoroma tangu wiki iliyopita. "Laki na sitini itasimamisha kuta za chumba kimoja. Dari tutawekewa na Mungu. Raziq anaendesha lori usiku na mchana, na anachokileta kinalipa unga."

"Kwa hiyo ningemfanyaje? Ningemwambia mgeni kula umesimama?"

"Mimi nimesema hivyo? Nimemchinja kuku wangu mwenyewe, sikumchinja kwa ajili yako." Alimgeuza mtoto mgongo. "Mwezi wa tano nilikuomba utuingize humo. Ukasema wanawake hawaingii hujrani, nikanyamaza. Sasa sikuombi tena tuingie. Tukiingia sote mle, hujra imekufa na nyumba haijazaliwa. Tutabanana watu watano chumba kimoja mpaka Raziq aote mvi. Nakuomba uibomoe. Kabla ya Alhamisi."

Lajmir alimtazama mkewe wa ndoa ya miaka thelathini na moja, akamwona kama mtu mgeni.

"Baba yangu ndiye aliyeijenga kwanza," alisema. "Damu kati yetu na watu wa bondeni, miaka kumi na tisa ya kuuana, iliishia humo."

"Najua ilikoishia. Siku zile tatu mpishi nilikuwa mimi."

Akatoka. Sanobara alikuwa pembeni, amejifunika uso kama impasavyo mkwe mbele ya baba mkwe. Miaka saba ya ndoa yake alikuwa hajasema neno moja kwa Lajmir ila kwa kupitia Mastora.

*

Jumanne Lajmir alishuka mjini kwa nauli aliyokopa. Alikuwa na hoja nzuri njiani. Alitaka kuwaeleza wakubwa kwamba hujra si ya mtu, ni ya ukoo. Mpita njia hulala humo bila kulipa, vijana hufundishwa humo namna ya kukaa mbele ya wazee, na baraza la wazee likikutana hukutana humo. Kwa hiyo isihesabiwe ndani ya nyumba yake, ihesabiwe peke yake, kama msikiti unavyohesabiwa peke yake. Aliipanga hoja hiyo vizuri, akairudiarudia midomo ikicheza, mpaka jirani yake garini akahama kiti.

Ofisini alisimama kwenye foleni ya dirisha kuanzia saa tatu hadi saa saba. Nyuma ya dirisha alikaa kijana wa lugha nyingine, mwenye koti zuri, akila karanga. Lajmir alieleza. Alikuwa na kilemba cheupe alichokifunga upya kwa ajili ya safari, na ndevu zilizopakwa hina, na kijijini kwake akianza kusema watu huacha kutafuna. Kijana aliendelea kutafuna.

"Chumba cha wageni," alisema mwishowe. "Yaani una gesti."

"Si gesti. Hujra."

"Wageni wanalala?"

"Wanalala."

"Basi gesti. Unatoza kiasi gani kwa usiku?"

Watu wa nyuma kwenye foleni, wengine wao wa milima hiyohiyo, walicheka. Hawakucheka kwa ubaya. Walikuwa wamesimama saa nne na miguu inauma. Lajmir alihisi uso wake umeshika moto.

"Hatutozi," alisema.

"Basi ndiyo maana huna pesa, mzee. Ipangishe. Anayefuata."

Alitoka nje akakaa kwenye ukingo wa mfereji. Maisha yake yote alikuwa ameona vita, njaa na kambi, na hakuna kati ya hivyo kilichomfanya atamani kulia mbele za watu. Alikaa mpaka uso ukapoa, ndipo akatafuta gari la kurudi.

Alipofika alikuta hema tupu. Mjukuu wa kiume alizidiwa mchana, wanawake wakamkimbiza kwa daktari wa zahanati, mwendo wa saa mbili kwa miguu. Walirudi jua likiinama. Mtoto alikuwa amechomwa sindano na amelala. Mastora alianza kueleza alichosema daktari, lakini Sanobara aliinua mkono kumzuia mama mkwe wake. Akamgeukia Lajmir, uso bado umefunikwa.

"Baba," alisema, na sauti yake Lajmir alikuwa hajawahi kuisikia ikimjia yeye. "Daktari ameuliza tunalala wapi. Nimeona haya kumjibu. Nikamwambia tuna nyumba."

Akaingia hemani na mwanawe. Lajmir alisimama pale uani, kilemba kimemlegea, naye asikirekebishe. Alikuwa amewalisha watu mia tatu siku ya mapatano ya damu, na mke wa mwanawe ameona haya kusema anapolala. Uchungu huo ulizidi ule wa dirishani.

Kabla ya swala ya magharibi alikwenda msikitini, akasimama mlangoni watu wakitawadha, akatangaza ashar. Ashar ni msaragambo wetu: mtu akiwa na kazi inayomshinda, huita, na kila nyumba hutoa mkono mmoja. Huitwa kwa mavuno, kwa mfereji, kwa kuezeka.

"Kesho asubuhi," alisema Lajmir. "Kwangu."

"Tuje na nini?" mtu aliuliza. "Majembe ya udongo au misumeno?"

"Sururu."

Wazee walitazamana.

*

Walikuja watu ishirini na sita. Kawaida ashar ina kelele: mpiga ngoma, matani, vijana wanashindana nani atachoka mwisho. Asubuhi ile walikuja kama wanaokuja mazikoni, wakazitua sururu chini taratibu. Walitoa vitanda nje, magodoro, mito, birika na vikombe, wakavipanga ukutani. Kisha wakasimama kumngoja mwenye kazi, kwa maana pigo la kwanza ni lake.

Lajmir alishika sururu, akaenda mbele ya mlango. Alisoma bismillahi. Akainua. Mikono ikabaki juu, kisha ikashuka polepole mpaka chuma kikagusa ardhi. Akajaribu mara ya pili, ikawa vilevile. Watu walitazama chini, na wengine wakajifanya wanafunga viatu.

Gulnawaz alijitokeza. Huyu ni mtoto wa ami yake Lajmir, na kwetu mtoto wa ami ndiye hasimu wako wa kwanza, maana mnagombea babu mmoja na mpaka mmoja. Hawa wawili walikuwa hawajasalimiana vizuri tangu kabla ya vita kwa ajili ya upana wa shamba usiozidi hatua mbili. Gulnawaz mwenyewe aliangusha ukuta wake uliosalia wiki mbili nyuma, akaandikiwa laki nne, na dukani alikuwa amemcheka Lajmir hadharani kwamba anajenga jumba la kifahari kwa ajili ya nzi.

"Nipe," alisema.

"Toka hapa, Gulnawaz. Umekuja kufurahi."

"Nimekuja kufurahi, ndiyo, lakini moyo haujakubali." Alimshika mkono uliobeba sururu. "Sikiliza. Ugomvi wetu ni wa shamba. Hujra ni ya damu yetu sote. Wewe ukiibomoa, watoto wako wataambiwa baba yenu aliuza heshima kwa laki mbili na kitu. Nikiibomoa mimi, watasema Gulnawaz, yule mbaya. Mimi nimeshazoea."

Lajmir hakumpa. Lakini hakumnyima pia, na Gulnawaz akaichukua mikononi mwake, akapiga pembeni mwa mlango. Tonge la udongo mpya, uliokandikwa na Lajmir mwezi wa tano, lilianguka. Baada ya hapo wengine wakasogea. Waliteremsha magogo kwanza, moja moja, wakiyapokea kwa mabega ili yasivunjike. Kufikia adhuhuri kuta zilikuwa chini. Lajmir alifanya kazi pamoja nao, vumbi limemjaa ndevuni, na machozi yalipomtoka hakuyafuta wala hakuyaficha. Wazee wawili walilia pia. Mastora alikuwa amekopa unga na samli nyumba tatu, kwa sababu watu wa ashar hulishwa, wawe wamejenga au wamebomoa. Walikula uani juani.

*

Alhamisi ilianza na mawingu. Mutabar alifika mchana, akasimama mbele ya kifusi kipya, na hakushangaa wala hakutabasamu. Alimwomba Lajmir asimame mbele yake na kitambulisho kifuani. Akampiga picha mbili. Kisha akayafuta yale maandishi ya penseli kwa kifutio, akapuliza vumbi lake, akaandika kwa wino: imebomoka yote. Lajmir alitia dole gumba. Mutabar alisema hundi zitatolewa mjini wiki tatu zijazo, na kwamba atalifuatilia jalada hilo yeye mwenyewe, wallahi.

"Laki nne," Mastora alimnong'oneza Sanobara nyuma ya turubai. Alihesabu kwa vidole: matofali, magogo yapo, mlango mmoja, chumba cha mtoto kabla ya theluji kubwa. Kwa mara ya kwanza tangu Jumatatu alihisi mgongo wake unalegea.

Ndipo mvua ikaanguka. Ilikuwa mvua ya milimani, isiyotoa onyo. Katika muda wa kuvuta sigara moja, ule mto mkavu chini ya kijiji ulikuwa ukinguruma maji mekundu, na dereva akaja mbio kusema gari amelisogeza juu lakini hawavuki mpaka maji yapungue, pengine jioni, pengine usiku. Mutabar alijifunika mkoba kichwani. Lajmir alifungua mdomo, kama alivyoufungua maisha yake yote, kusema karibu, na mkono wake ukaenda wenyewe kuonyesha mlango. Palikuwa na rundo la udongo unaoyeyuka.

"Usijisumbue, mzee," Mutabar alisema haraka. "Nitakaa garini."

"Mlete kwangu," Gulnawaz alisema kutoka uani kwake ng'ambo ya njia. "Mimi nina hema kubwa."

"Mgeni ni wangu," Lajmir alijibu. Lakini sauti ilikuwa ya mtu asiyejua atafanya nini baada ya hapo.

Mastora hakungoja kuambiwa. Alimfunga Sanobara shali pamoja na mtoto mgonjwa, akamvusha njia kwenda kwa mke wa Gulnawaz. Akakunja matandiko, akafagia hema, akatandika godoro zuri lililotoka hujrani na mito miwili. Akachukua jiko, unga na mjukuu wake wa kike, Wareshmina, mwenye miaka mitano, akatoka nao nyuma ya hema, chini ya kipande cha nailoni alichokilaza juu ya magogo. Kisha akagonga sahani ya bati mara mbili, ishara mumewe anayoifahamu, kwamba pametayarika.

Lajmir aliwaingiza karani na dereva wake. Alimnawisha mgeni. Akapokea chakula kwa kupitisha mkono chini ya turubai: mkate wa moto, mtindi, vitunguu, na mayai mawili ambayo hakujua yametoka wapi kwa kuwa kuku hayupo. Mutabar alikula. Alikuwa na njaa, na kukataa kungekuwa tusi. Mvua ilipiga juu ya hema, na kwa muda hapakusikika kitu kingine. Kisha ikapungua kidogo.

"Nyanya," sauti ya Wareshmina ilisema, karibu kabisa, upande wa pili wa kitambaa. "Yule mgeni ataondoka saa ngapi?"

"Nyamaza. Mgeni haulizwi hivyo."

"Sijamuuliza yeye. Nimekuuliza wewe."

"Wala mimi siulizwi."

"Nguo yangu imelowa."

"Najua. Sogea huku."

Mutabar aliacha kutafuna. Mkate ulikuwa mkononi mwake, umekatwa, haujachovywa. Dereva alitazama paa la hema. Lajmir alikuwa amesikia kama wao walivyosikia. Shingo yake iliinama. Kisha aliisogeza sahani karibu zaidi na mgeni wake.

"Kula, mwanangu," alisema. "Mkate upo."